Kosa la Kufungua Bureau Saa Mbili

Redio ndogo kwenye kibanda cha chai cha Mama Zubeda ilitoa habari, na chai ya watu ikapoa vikombeni. Serikali, ilisema sauti ya Kinshasa, itawapeleka retraite, yaani itawastaafisha, wafanyakazi wake wote waliopitisha umri, na kila mmoja atapewa haki zake. Ila mwenye kosa la nidhamu atafukuzwa mikono mitupu, hata kama ameitumikia nchi tangu bendera ilipokuwa ya kijani, enzi za Zaire.

Benchi zima likamgeukia Mzee Waziri, karani wa ofisi ya vyeti. Mji mzima wa Baraka humwita Papa Cachet, Baba Muhuri, kwa kuwa amegonga muhuri kwenye vyeti vya kuzaliwa kwa miaka arobaini na mmoja. Umri wa retraite aliupita zamani. Ameandika barua nne kuomba apumzike, na hakujibiwa hata moja. Lakini jana serikali ilimkumbuka: alipewa demande d'explication, ile karatasi ambayo mkubwa wako anakutajia kosa na kukupa siku mbili za kujitetea.

"Soma tena," alisema Décret. Huyu ni Bertin, aliyewahi kufagia ofisi ya wakili kule Uvira, na tangu hapo hazungumzi, anatoa hukumu, ndipo akapewa jina hilo la amri ya serikali.

Papa Cachet akasoma. Aeleze kwa nini Jumatatu na Jumanne alifungua bureau, ofisi yao, saa mbili kamili asubuhi, akahudumia watu tisa, bila kungoja wakubwa wake wanaofika saa nne.

"Saa mbili?" Turbo, dereva wa pikipiki wa njia ya Misisi, alishika kichwa. "Papa, ulikuwa na homa?"

"Saa mbili njo saa ya kazi. Iko imeandikwa ku mulango."

"Ku mulango banaandika na kusema ni mwiko kutema mate. Nani balishamufukuza juu ya mate?"

"Kosa iko nzito," Décret akasema. "Bale bantu tisa balienda na karatasi yabo. Chef, mukubwa wa bureau, anafika, anakuta benchi iko mutupu. Siku mbili, hakuna hata muntu moja wa kumusalimia."

Wote walijua kwamba salamu ya chef hukunjwa kwanza, ndipo ikaingizwa kiganjani.

"Afazali ungelala ku meza," alisema Turbo.

"Kulala haiko kosa," Décret akajibu. "Kuko mwenye alilala, balimupandisha grade."

"Na ule mwenye alipoteza kitabu ya mwaka muzima?" Mama Zubeda aliuliza huku akigeuza mandazi.

"Balimutuma formation, masomo ya kazi, ku Bukavu. Sasa njo anafundisha bengine kutunza bitabu."

Papa Cachet alicheka pamoja nao, kicheko cha mtu anayeumwa jino. Miaka arobaini na mmoja, na mke wake Salma ameshaipangia ile pesa ya retraite mpaka rangi ya mabati. Itamezwa na asubuhi mbili tu?

"Andika," Décret akaamuru. "Saa yangu ya mukono iliharibika, ikakimbia mbele. Naomba musamaha. Sitarudilia kufika mapema."

Papa Cachet akaandika. Aibu ilimpanda mpaka masikioni, maana saa yake ilikuwa nzima, na hizo ndizo siku pekee mwaka huu alizorudi nyumbani anapiga mluzi. Akatia sahihi hata hivyo.

Wino haujakauka, akasimama mbele yao mwanamke mwenye mtoto mgongoni. Alikuwa Inamahoro, mkimbizi kutoka Burundi, anayelima muhogo upande wa Mboko.

"Papa, nimetoka ku bureau, balishafunga. Mutoto kesho anatimiza siku makumi tisa."

Hakuna aliyehitaji maelezo. Mpaka siku ya tisini cheti ni bure; baada ya hapo ni kwenda kuhangaika tribunali, mbele ya hakimu. Na kesho bureau haitafunguliwa kabisa, kwa sababu chef anamwoza binti yake na amewaamuru watu wake wote wafike harusini.

"Balinielekeza kama kuko muzee anafunguaka saa mbili," aliongeza Inamahoro.

Décret aliifunika barua kwa kiganja. "Muambie aende tribunali, Papa. Ukifungua kesho, haitakuwa tena kosa, itakuwa kurudilia kosa. Batakufukuza, na retraite itaenda."

Papa Cachet alimtazama mtoto, ambaye alikuwa amelala na hana habari kwamba nchi nzima bado haijui amezaliwa. Aliogopa, na hakuona sababu ya kuficha kwamba anaogopa. Halafu akauondoa mkono wa Décret taratibu, akaigeuza barua, na kwenye upande mweupe akaandika jina la mtoto herufi kwa herufi, Inamahoro akimtajia.

"Kuja saa mbili," alisema.

Mama huyo akashukuru, akaenda zake. Turbo akainuka, akakoroga funguo mfukoni, akaketi tena.

"Papa, ule mwanamuke wangu wa Misisi alizala. Mutoto iko na siku makumi nane. Mi naweza kuja saa mbili na nusu?"

"Na mujukuu yangu," alisema Mama Zubeda bila kuinua macho kutoka kwenye karai.

Wakamgeukia Décret, wakingoja awafokee. Alikohoa, akaiweka sawa kola yake.

"Kisheria," alisema, "kosa inabakia moja, hata kama bantu iko kumi. Mi nitafika na mapacha yangu saa mbili kasoro robo."