Mafuta ya Nazi ya Mukami

Jumanne, 8 Julai
Mke wangu Mukami ametoka hospitali wiki mbili sasa, na chakula hataki. Uji kidogo, basi. Anazidi kukonda, nami naogopa. Jirani Beldina kaleta omena, wale dagaa wa ziwani. Kaleta supu ya kuku. Ploti nzima, wapangaji wote, inamsifu Beldina! Mimi je, ni pambo? Leo Mukami amesema anawakumbuka samaki wa kule Mombasa tulikokutana, wale wa kukaangwa kwa mafuta ya nazi. Nimesikia. Beldina hajasikia. Kimya!

Jumatano, 9 Julai
Soko la Kariokor, hapa Nairobi. Keynan, mwenye duka, ana mafuta safi, angavu. Nikamdanganya kuwa nafungua hoteli kubwa huku Njiru, anipunguzie. Akapunguza! Chupa nimeificha chini ya kitanda, Beldina asije akaiga.

Alhamisi, 10 Julai
Nimechezewa! Asubuhi baridi kali, nachungulia chupa: mafuta meupe, yameganda! Keynan kaniuzia mafuta ya mgando! Nikatia chupa ndani ya koti, kifuani, majirani wasinicheke, nikaenda mbio dukani. Nikafoka mbele ya wateja. Nikatoa chupa. Mafuta yametulia, maji kabisa. Keynan akauliza kwa upole hoteli inaendeleaje. Nikasema vizuri.

Ijumaa, 11 Julai
Yameganda tena! Koti, kifua, mbio. Nafika: maji. Keynan akanikalisha, akanipa chai, akauliza kama nalala vizuri.

Jioni nikarudi na samaki, nikamweleza Mukami yote. Akacheka! Akacheka mpaka akashika mbavu, mpaka Beldina akagonga ukuta kuuliza kuna nini. Kicheko hicho sijakisikia tangu Mei. Nikalia, nikasingizia kitunguu. Akaniambia nikaange huyo samaki kabla hajazeeka. Nikakaanga. Upande mmoja ukaungua. Amemla mzima, na kichwa, akalamba vidole. Nampenda sana mwanamke huyu.

Jumamosi, 12 Julai
Yaliyobaki yameganda! Beldina kajaribu kunieleza mambo ya baridi na joto. Wivu tu. Keynan ana dawa ya kuyayeyusha pale dukani, na leo namuumbua. Chupa nimeizungushia sweta, nikaificha ndani kabisa ya koti, asiione mapema. Mukami, ambaye hajavuka mlango tangu arudi, amevaa viatu mwenyewe. Anakuja! Anasema hii hawezi kuikosa.

Safi sana. Sasa nina shahidi.