Dereva Anayeshushwa Huenda Wapi?

Jumatatu, 9 Juni 2025

Leo nimetangaza vita. Adui ni Kassian, Mngoni mwenye kibanda cha gemu karibu na stendi yetu ya Nachingwea. Jumamosi tunapambana Ruangwa, ukumbini, mbele ya wazazi. Mada: je, vibanda vya gemu vifungwe? Mimi nasema vifungwe jana. Kassian anasema vibaki, maana ndimo anamopatia ugali.

Redio ya huko Ruangwa itakuwepo. Obadia, mkuu wa vipindi, ameahidi hadharani kwamba atakayeutikisa ukumbi atapewa kipindi cha kila wiki. Kipaza sauti! Mimi, Ausi, niliyemaliza masanduku mawili ya vitabu! Mimi niliyewaandikia wahariri barua tangu ujana na wakazikata mikia zote! Hewani hakuna mkasi. Kipindi hiki ni changu. Nikikikosa nitazikwa na kinyongo.

Tatizo dogo. Gemu yenyewe sijawahi kuiona. Nimeishutumu kwenye misiba, harusi na foleni ya zahanati, ila kuiona, hapana. Nikaenda.

Kibanda cha Kassian kinasimamiwa na Moza, binamu wa mke wangu Saada. Mama wa makamo, anamenya mihogo huku akigawa pedi, vile vidude vya vitufe vya kuchezea. Akauliza, shemeji, umepotea? Nikasema niko kwenye utafiti. Akasema wote husema hivyo siku ya kwanza.

Akanipa pedi na mtu wa kumwendesha, jitu la mabega, limesimama katikati ya jiji la kizungu. Nikauliza, gari napataje? Akasema bonyeza kitufe cha pembetatu. Nikabonyeza. Lahaula! Jitu likafungua mlango wa gari la mtu, likamshika dereva kola, likamtupa kwenye lami, likakaa. Ndiyo basi! Hakuna mkataba, hakuna kadi ya gari, hakuna hata salamu. Vijana walinipigia makofi. Mmoja akaniita mzee baba.

Nikauliza sasa gari hili ni la nani. Moza akasema lako. Mpaka lini? Mpaka ukiligeuzia mgongo. Sikuamini. Nikaliacha mbele ya duka, nikazunguka nyuma, nikarudi. Halipo! Halikuibwa, limeyeyuka. Nikarudia mara nyingi. Ni kweli kabisa. Mali ya wizi huko haidumu hata kwa muda wa kuvuka barabara.

Lakini kilichonikosesha raha ni yule dereva. Alipotupwa aliinuka, akapangusa suruali, akaondoka kwa miguu. Anaenda wapi? Nikashuka nikamfuata. Vijana wakapiga kelele, mzee endesha! Sikuendesha. Nilimfuata mitaa kadhaa. Hakusimama dukani, hakumpigia simu mkewe, hakwenda polisi. Akakata kona. Nikakata kona. Hayupo!

Nalala na swali hilo.

Jumanne, 10 Juni

Nimerudi kibandani. Utafiti haukamiliki siku moja.

Lengo la leo: kupata gari kwa halali. Nilitaka kuthibitisha kwamba haiwezekani, niwaangamize Jumamosi. Nikamuuliza Moza kama kuna mahali pa kununua. Akacheka mpaka kisu kikamponyoka. Akasema lipo duka, liko ndani ya simu ya lile jitu, ila hajawahi kuona binadamu akinunua humo. Nikasema leo utaona.

Kununua kunahitaji kazi. Nikaamua kuwa dereva teksi. Nikatafuta ofisi inayoajiri madereva, nikazunguka jiji zima. Hakuna! Jiji lenye maghorofa yale halina ofisi moja ya ajira. Uchumi wa kishenzi. Ikabidi nipore teksi ili nianze kazi ya halali. Dereva akainuka, akapangusa suruali. Nilimwomba radhi kwa sauti. Vijana waliumwa mbavu.

Nimebeba abiria mpaka adhana ya alasiri. Nikanunua kigari kidogo cha bluu. Changu! Nikakiendesha taratibu, kushoto kwa kushoto, kumbe huko ni kulia. Taa nyekundu, nikasimama. Kibanda kizima kikageuka kunitazama. Haijawahi kutokea mtu kusimama kwenye taa. Lori la nyuma halikutegemea, likanisukuma mpaka baharini.

Nikadhani ndio basi. Moza akasema hapana, kile umenunua, kitapatikana. Cha kununua hakipotei. Polisi hukihifadhi yadini, unakwenda kukikomboa.

Hapo nikasisimka, kisha nikaogopa. Maana yake gemu hii inafundisha umiliki! Cha wizi huyeyuka, cha jasho hurudi. Hoja nzito kuliko zangu zote, na ni ya Kassian. Kwa bahati nzuri Kassian hachezi gemu, anauza tu. Nikamwomba Moza asimwambie. Akasema hasemi. Nilipofika nyumbani Saada tayari alikuwa na habari zote, mpaka rangi ya kigari.

Jumatano, 11 Juni

Aibu!

Nilikuwa kwenye mnada wa ufuta, nimekaa juu ya pikipiki yangu, nawaeleza wakulima hatari ya gemu. Nilikuwa nimefika pale pa dereva anayetupwa. Kassian akatokea nyuma, akanigonga bega. Akasema shuka, Mmwera. Babu zangu walichukua mbuzi zenu, mimi nachukua hii.

Na mimi nikashuka! Miguu ilishuka yenyewe. Ni malezi. Wangoni ni watani zetu. Zamani walikuja kutupiga, siku hizi wanatuchokoza. Mtani akikamata kitu chako akatangaza mbele ya watu, huruhusiwi kununa. Unacheka, kisha unakikomboa kwa jogoo. Ukinuna wewe ndiye mkosaji.

Nikacheka. Mnada mzima ukacheka. Kassian akapiga stata, akanipungia mkono, akapotelea barabara ya Chiola. Nikapangusa suruali, nikaondoka kwa miguu. Nilipokata kona nilihisi kuna jambo nakaribia kuling'amua. Likanitoroka.

Saada amekataa kutoa jogoo. Amesema jogoo yule anauamsha mtaa mzima alfajiri, mimi sijawahi kumwamsha mtu. Amesema nipande basi kwenda Ruangwa. Msemaji mkuu ateremke kwenye basi? Huku mpinzani amepaki pikipiki yangu mlangoni? Afadhali nitambae.

Ijumaa, 13 Juni

Jana sikuandika. Nilikuwa na hasira, na mtani haruhusiwi kuwa na hasira, kwa hiyo nililala mapema.

Leo nimepata mpango. Utani una njia mbili! Kama yeye anachukua, na mimi nachukua. Sijui kwa nini ilinichukua siku nzima kuligundua hili. Na nimegundua cha kuchukua. Tangu jana namwona Kassian anapita na guta, lile la injini, la matairi matatu, la kubebea mizigo. Jekundu. Amekaa kwenye usukani kama sultani. Amenunua, yule! Kwa faida ya kuharibu watoto!

Sasa uchunguzi wa kisayansi. Kwenye gemu kila gari lina ufunguo ndani. Je, na huku kwetu? Baada ya sala ya Ijumaa nikapita stendi nikichungulia vyombo vya watu kimoja kimoja. Ajabu! Vingi vina funguo! Mwenye bajaji mmoja akaniuliza natafuta nini. Nikasema utafiti. Akachomoa ufunguo wake.

Kesho asubuhi nalichukua guta. Si wizi. Mwizi hatangazi.

Jumamosi, 14 Juni

Nitaandika kila kitu kama kilivyotokea, vizazi vihukumu.

Asubuhi guta lilikuwa mbele ya kibanda, ufunguo ndani, nyuma limesheheni viti vya plastiki. Nikasimama kama desturi inavyotaka, nikatangaza: Mngoni, nimechukua! Walikuwepo mama wa vitumbua na mbuzi wawili. Mama akasema sawa baba. Nikaondoka.

Raha! Upepo wa Juni, mikorosho pande zote, viti vinagongana nyuma kama ngoma. Nilijaribu kuelewa kwa nini vijana wanaipenda pembetatu. Nadhani nilielewa. Sitasema hivyo hadharani.

Ruangwa wakanipokea kwa vigelegele. Kumbe ukumbi haukuwa na viti, walikuwa wanavisubiri hivyo hivyo! Obadia mwenyewe akanisaidia kushusha. Akasema mwanaharakati anayekuja na viti vyake hajawahi kumwona. Sikumsahihisha. Kassian hajafika. Nikapewa nafasi ya kwanza.

Nilianza polepole, kisha nikapaa. Wazazi wameketi kwenye viti vyangu, wametulia. Nikawaambia watoto wanabonyeza pembetatu, wanafungua mlango, wanamtupa mtu. Je, nani anamuuliza yule dereva? Anainuka, anapangusa nguo, anakwenda kwa miguu! Ana mke? Ana watoto? Alikuwa anapeleka mzigo wa nani? Mama mmoja akajifuta macho. Obadia akaandika kitu. Nikanyoosha mkono kuelekea mlangoni, nikanguruma: yuko wapi dereva huyo?

Sauti ikajibu kutoka mlangoni: huyu hapa!

Mwanamke mrefu, kitenge kimejaa vumbi, kandambili moja mkononi. Nyuma yake Kassian, kofia ya pikipiki yangu kichwani. Walikuja na pikipiki yangu.

Yule mama anaitwa Catherine. Mmakua wa Nanganga. Guta ni lake, hajalimaliza hata kulipaka rangi ya pili. Kassian alikuwa amelikodi tu kukusanya viti vya ukumbi! Leo Catherine alikuja kuvileta viti Ruangwa mwenyewe, akaingia kwanza kibandani kunawa mikono, ametoka amekuta mbuzi.

Nikatangulia kujitetea. Nikaeleza utani, historia yake, kanuni zake. Catherine akaniacha nimalize. Kisha akauliza ukumbi, Mmakua na Mmwera wanataniana lini? Mzee mmoja akasema labda kwa upande wa Tunduru. Akanyamazishwa. Catherine akasema basi babu huyu ameniibia, na ameniibia akiwa njiani kuja kuwafundisha wanenu wasiibe, na nyie mmekalia ushahidi!

Ukumbi mzima ukasimama kutoka kwenye viti kana kwamba vina moto.

Nikajaribu kufafanua kwamba nilitangaza. Akauliza kwa nani. Nikasema kwa mama wa vitumbua. Akasema kumbe! Basi na mimi natangaza, nachukua meno yako! Watu walianguka. Akaeleza alivyokimbia mpaka njia panda na kandambili moja, watu wakimuuliza anakimbiza nini, na yeye anasema viti. Halafu akageuka kwa Kassian, akamshukia vilevile: aliyeacha ufunguo ndani ni nani? Kassian akatazama dari. Wanawake walilia kwa kicheko, kisha wakalia kweli aliposema guta hilo ndilo linalomsomesha binti yake. Hakuna aliyekumbuka kupiga kura juu ya gemu. Vibanda vimebaki.

Hoja ya yadi ya polisi, ya cha jasho kurudi, ilikuwa kwenye ulimi wangu muda wote. Nilikataa kuitumia. Ni ya upande wa pili.

Catherine hakunipeleka polisi. Amenihukumu kurudisha viti vyote Nachingwea na kuosha guta mbele ya kibanda. Nimevirudisha. Nimeosha. Moza alitoa stuli nje akaleta na mihogo, akatazama mpaka mwisho.

Jumapili, 15 Juni

Kipindi amepewa Catherine. Kila Jumatano jioni. Obadia amesema ukumbi ulitikisika. Sikatai ulitikisika, ila nani aliyeutikisa kwanza? Nani alimwita mlangoni? Bila mimi angekuwa anashusha viti kimya kimya!

Saada amekwenda kwa mama yake Nambilanje. Amesema atarudi nikipata akili, kisha akafikiri, akasema atarudi Alhamisi.

Nimekaa peke yangu nikichambua kosa lilikuwa wapi. Kanuni ilikuwa sahihi. Tangazo lilikuwa sahihi. Kosa lilikuwa la takwimu: sikuuliza kabila. Basi leo nimeuliza. Nimepita kwa kila anayemfahamu Obadia, na nimepata jambo la kushangaza mno. Baba yake ni wa Lindi, lakini mama yake ametoka Songea. Mngoni halisi! Obadia ni mtani wangu kwa upande wa mama!

Studio ni ya Obadia. Kipaza sauti ni cha Obadia. Kiti kilicho mbele ya kipaza sauti ni cha Obadia. Safari hii nimeuliza, sijakisia.

Jumatano jioni nakwenda Ruangwa. Nitasimama mlangoni, nitatangaza kwa sauti kama desturi inavyotaka, kisha nitamwambia yeyote nitakayemkuta amekikalia kiti hicho ashuke.