Herode Mwaka Huu Ni Mimi

Jumatatu, 3 Desemba 2018

Mwaka huu Herode ni mimi. Ignace amekuwa Herode kila Noeli tangu kanisa letu lihamie juu ya lile duka la mablanketi mjini, eti ana sauti nzito. Sauti! Ng'ombe naye anayo. Mimi huwa mchungaji wa tatu, sina hata neno. Sasa mama yangu anataka video ya mchezo, majirani zake wote Bukavu watakuja kutazama. Nilishamwambia zamani kwamba mfalme ni mimi.

Leo Mungu kanikumbuka. Gogo Thokozile (gogo ni bibi kwa Kizulu) wa chumba cha chini hapa mtaani Bertrams kaleta gauni nimpunguzie kiuno. Kumbe aliigiza sinema tangu miaka ya hamsini! Hata picha anazo. Nitampeleka kwa Mama Célestine anayeongoza mchezo, aseme mbele ya watu kwamba Herode ni mimi. Nani atabishana na nyota? Gauni nimelipunguza bure.

Jumatano, 5 Desemba

Nimechanganyikiwa. Gogo kanionyesha sinema zake kwenye simu. Ya kwanza, analeta chai, anatoka. Ya pili, anafungua mlango, anatoka. Ya tatu nimetazama mpaka macho yakaniuma, nikauona mkono wake tu. Televisheni ilipokuja, akaleta chai kwenye televisheni.

Nikamuuliza kwa adabu, kwa Kizulu changu cha sokoni, alikuwa nyota lini. Akasema hajawahi. Wenzake walisema maneno, yeye aliyasikia, ndiyo ilikuwa kazi yake. Kusikia ni kazi? Sitamwambia Mama Célestine.

Jumapili, 9 Desemba

Eish. Nimemleta Gogo mazoezini, nikamtambulisha kama malkia wa sinema. Wakampa kiti cha pasta. Ignace akanguruma maneno ya Herode, nami nikanguruma kumshinda. Gogo akatusikiliza wote wawili, akamwambia Mama Célestine Herode abaki yule mnene.

Yule mnene! Kisha akasema jumba la mfalme halina mtumishi, na mtumishi awe mimi. Nilete kikombe, nisimame, nitoke. Na gauni nimempunguzia bure!

Alhamisi, 13 Desemba

Gogo ananifundisha kwenye korido, na trei. Anasema natembea kama mtu anayetaka kuonekana. Nikamwambia ndiyo, nataka. Akanirudisha mlangoni nianze upya.

Haidhuru, nina mpango. Nimeshona joho jekundu kwa mabaki ya pazia, nitalivaa ndani ya nguo za mtumishi. Nikishaweka kikombe, navua, natangaza kwamba mfalme halali ni mimi, Ignace aliniibia kiti. Biblia haikusema hivyo, lakini pia haikukataa.

Jumapili, 23 Desemba

Aibu gani hii! Kanisa lilijaa mpaka ngazini. Nikaingia na kikombe. Ignace akaamuru watoto wa Bethlehemu wauawe. Hapo hapo maneno yangu yote yakapotea. Mbele kabisa Murielle, mke wa fundi viatu, alikuwa amempakata mtoto wake mchanga, na mtoto akinitazama mimi. Kikombe kikaanza kugonga trei. Nikamtazama mfalme. Nikamtazama mtoto. Nikatoka, na mlango nikausahau wazi. Joho halikuonekana hata uzi.

Mama mmoja akalia, wengine wakafuata. Wengi wetu tumekimbia kutoka Kivu. Nilijificha stoo ya viti, nikijua wanalia kwa jinsi nilivyowaharibia Noeli.

Jumatatu, 24 Desemba

Sielewi kitu. Mama Célestine anasema jana hakuna aliyeigiza kunishinda. Ignace kanishika mkono, macho mekundu. Mama yangu kapiga simu, video keshaiona. Nilikuwa nimeandaa uongo wa kumweleza joho liko wapi, lakini hata hakumuulizia mfalme. Alisema tu, "Octave, wewe ulimsikia yule mtu alichosema." Kisha akakata.

Wananifariji, naona. Watu wema, maskini.

Basi Pasaka nataka Pilato. Joho lipo tayari. Nimeshuka sasa hivi kumwomba Gogo anisemee. Akacheka mpaka akakaa kitandani, halafu akaniuliza nani atamletea Pilato maji ya kunawa. Nikamwambia asihangaike, tutamtafuta mtu yeyote, hiyo haihitaji anayejua kuigiza.