Mdhamini wa Dokta

Dokta alipomwona yule mama akishuka ngazi, kompyuta ameipakata kama mtoto mwenye homa, alinyoosha kola, akapangusa kiti cha mteja na kukohoa kikohozi cha wataalamu. Udokta wa kompyuta alijipa mwenyewe siku alipopaka rangi mlango. Mimi, mchapaji wa barua chumba cha pili, nilikuwa wa kwanza kumwita hivyo. Kwenye foleni ya wajinga sijawahi kuchelewa.

Riziki yake yote ilitoka kwenye faili moja. Ukimpelekea kompyuta nzito, alikuwekea kipau, kile kimstari cha vitufe juu ya kivinjari, eti kinaongeza kasi. Kikikuchosha, alikiondoa. Hapo mashine huuliza kwa adabu: faili hili linatumiwa na programu nyingine pia, lifutwe? Dokta hubonyeza "Ndiyo". Kesho yake programu tatu zimekufa, umerudi kwake mbio, naye anakurudishia faili lile lile kutoka kwenye flashi nyekundu aliyoivaa shingoni, akipokea ada na shukrani. Mimi nilishukuru mara tatu.

"Shikamoo, mama. Imefanyaje tena?"

"Marahaba. Tangu juzi ulipokitoa kile kipau, inasema faili la maktaba halipo. Mwanangu, nimetunza maktaba miaka thelathini na moja, na katika zamu yangu hakijapotea hata kijitabu. Leo kidude hiki kinanitukana!"

"Lakini ni maktaba kweli, mama. Faili hilo huazimwa na programu zote. Moja imeondoka nalo."

"Nani aliazima mwisho?"

"Aa... huko ndani hawaandikishi."

"Hawaandikishi!" Mama akashika kifua. Alipopata pumzi akauliza, "Wewe unalo?"

Dokta akaishika flashi. "Mji mzima ni mimi tu."

"Basi niazime siku kumi na nne. Nitakulipa kila siku. Nataka nilisome lote."

Dokta aling'ata ulimi asicheke. Kulisoma! Na nakala nyingine si anayo kwenye kompyuta yake? Mama akatoa karatasi, wakasaini wote wawili, flashi ikabadilisha shingo.

Asubuhi iliyofuata tulikuta meza chini ya ngazi. Mama amekaa nyuma yake na daftari, kadi na bango la kadibodi: FAILI LA MAKTABA. KUAZIMA NI BURE.

"Kitu cha watu wote hakifungiwi shingoni," alituambia, akigonga mhuri.

Wateja wa Dokta wakahamia pale mmoja mmoja. Siku ya nne akaketi mbele ya kompyuta yake mwenyewe kutengeneza kipau kipya, kibaya zaidi. Akaanza kwa kukiondoa cha zamani. Mashine ikauliza swali lake la adabu, na kidole, kwa mazoea, kikajibu "Ndiyo". Ukelele wake niliusikia ukutani, na nakiri nilifurahi sana.

Akaja kupanga foleni.

"Mama, naomba flashi yangu."

"Kwa siku kumi na nne ni ya maktaba. Ulisaini. Jaza kadi." Akajaza. "Mdhamini?"

"Mdhamini wa nini?"

"Wa kuapa kwamba utarudisha."

Foleni nzima ikaanza kuchunguza dari. Wote aliwahi kuwatengenezea kompyuta. Dokta akageuka taratibu, macho yakatua kwangu.

"Kaka," akasema, "mimi na wewe tumetoka mbali."

Tumetoka ukuta wa pili tu. Nikajiambia, leo siinui mkono hata mbingu ishuke. Nilipomaliza kujiambia, saini yangu ilikuwa haijakauka.

Dokta akaipokea flashi, akanikumbatia, akaupita mlango wake bila kuufungua, akapanda ngazi. Hatujamwona tena.

Sasa kila asubuhi namsalimia mama, naye anaitikia, "Marahaba, mdhamini," kisha ananionyesha ukurasa wangu kwenye daftari. Watu wa foleni wananitazama kama mimi ndiye niliyewafungia maktaba, na hawajakosea sana.

Jana nimepata ujumbe wa Dokta. Yuko mji mwingine, amepata chumba kizuri cha biashara, ila mwenye nyumba anataka mtu wa kumdhamini. Nimemtukana kurasa mbili nzima, kwa herufi kubwa. Mwisho nikamuuliza nisaini wapi.