Bi Otilia Arudishe Nywele za Mke Wangu

Mtaa wa Tanuri,
Cholula,
3 Novemba 1954

Ndugu Mhariri wa Gazeti la Sinema,

Salamu. Mimi Hilario Tecuapetla, mchoma matofali. Shule niliacha mapema, kwa hiyo nasema moja kwa moja. Nina malalamiko juu ya Bi Otilia Santibáñez, yule mwigizaji.

Mke wangu Casimira alikufa kwa homa. Picha sina. Ile ya harusi dada yake aliondoka nayo kwenda Veracruz, tuligombana. Lakini mtaa mzima walisema Casimira kafanana na Bi Otilia. Basi kila Novemba, siku za wafu kurudi nyumbani, kwenye meza ya marehemu, naweka picha ya Bi Otilia niliyokata gazetini mwako. Mishumaa, maua, mikate, mchuzi mzito wa mole, na yeye katikati. Marehemu akirudi aone uso wake, ajue ni hapa.

Sasa sikiliza.

1. Nywele. Zamani Bi Otilia alikuwa msichana wa kijijini, misuko miwili, mtungi kichwani, analia vizuri. Sasa kazikata, kazitia rangi ya manjano. Nani kamruhusu?

2. Kwenye filamu mpya anavuta sigara na kuiba daktari, mume wa mtu. Ukumbi umejaa, Macedonio, mwenzangu wa tanurini, akapiga kelele: "Hilario, mkeo huyo! Mkamate, anatoroka na daktari!" Watu wakacheka hadi wakamwaga karanga. Nikamwambia, "Funga domo, mbuzi we!" Nikatolewa nje mimi. Macedonio akabaki.

3. Kabla ya hapo alikuwa anakufa kila filamu. Kifua kikuu. Risasi. Kisimani. Mimi nimezika mara moja, inanitosha.

4. Gazeti lako linasema kaolewa tena, na mpigana na mafahali. Sikuulizwa.

5. Padri Celerino alikuja kubariki meza. Akaitazama picha. "Hilario, huyu si marehemu. Yuko Acapulco anakula kamba. Mtu hai hawekwi mezani, utamuua!" Nikamwambia, "Padri, marehemu hawasomi magazeti." Akachukua mkate, akaenda zake.

Lakini Doña Cuca, muuza tamale za mahindi, alikuwa mlangoni. Akasikia nusu. Mchana mtaa mzima wanajua Bi Otilia kafa. Wakaja na mishumaa, wanawake wanazimia kwa zamu. "Pole, baba, kumbe mlikuwa ndugu?" Wakamlilia Bi Otilia huku wanakula mole ya Casimira. Wakamaliza. Wakalamba chungu.

Casimira hakuja. Kila mwaka najua akija, mlango unalia kidogo. Safari hii kimya. Nadhani alichungulia, akaona umati unamlilia mwanamke mwingine, akarudi alikotoka. Na mimi nikifumba macho simwoni tena. Namwona yule wa manjano na sigara yake. Hilo ndilo linaloniuma, Mhariri.

Kwa hiyo mwambie Bi Otilia asuke misuko. Amwache huyo wa mafahali. Asiibe daktari tena. Kama yote yanamshinda, Novemba ijayo aje mwenyewe akae mezani kwangu usiku mmoja. Asiseme kitu. Casimira akinuna alikuwa hasemi pia. Kamba sina, ila maharage yapo.

Nisalimie wachapaji wako, mkeo, na yule anayekata picha, maana kazi yake ni safi. Msalimie hata mpigana na mafahali. Kosa si lake.

Ni mimi, mwenye hasira lakini kwa heshima,
Hilario Tecuapetla

Tena: Barua sijaifunga, shemeji Eduviges kaingia kutoka Veracruz. Mvua ilikata barabara, kachelewa meza. Kaleta picha ya harusi, ugomvi basi.

Mhariri, hawafanani hata kidogo. Huyu ana masikio kama vishikio vya chungu. Jino limepanda jino. Anacheka mdomo wazi mbele ya padri. Nikauliza, "Shemeji, huyu nani?" Akanizaba kofi la kisogo. "Mkeo, mjinga wewe!"

Nikaangalia tena. Ndiye. Ndiye kabisa. Alikuwa anacheka hivyo hivyo nikianguka na toroli.

Mwambie Bi Otilia aibe daktari yeyote anayemtaka. Picha yake nimempa Macedonio.