Elimu ya Kuangusha Watu

Siku Nicanor Shitanda alipomwona Mzee Kiprotich akishangaa, alijua Mungu bado anamkumbuka.

Vita vya Hitler vilikuwa vimekwisha si muda mrefu, na Eldoret, ambayo wenyeji waliiita Sisibo, ilikuwa mji wa matope, magunia ya mahindi na Makaburu wenye ndevu. Kila askari aliyerudi kutoka Burma alirudi na kitu. Huyu alikuja na koti la jeshi, yule na mguu mmoja, mwingine na homa isiyokwisha. Nicanor alirudi na jujitsu. Si kwamba aliijua, la hasha. Kazi yake huko Burma ilikuwa kumenya viazi nyuma ya hema ambamo sajini mmoja Mwingereza aliwafundisha polisi wa jeshi jinsi ya kumwangusha Mjapani bila bunduki. Hema lilikuwa na tundu, naye Nicanor alikuwa na masikio. Viazi vya jeshi la Mfalme vilimenywa ovyo sana kipindi hicho.

Sasa alikuwa na chuo chake. Usicheke, alikiita chuo. Kilikuwa stoo ya magunia nyuma ya duka la Mhindi, na kila Jumamosi baada ya kazi walijaa humo makarani, wapishi wa wazungu na manyapara wanaochukiwa na watu wao. Wote walikuwa na hamu moja, kumpiga mtu mwenye nguvu kuliko wao bila wao kupata nguvu. Walilipa kwa kuku, mayai, sukari iliyotoka kwenye kabati za watu wengine, na shukrani nyingi.

"Kwanza historia," Nicanor alianza siku hiyo, mikono nyuma kama mkaguzi wa shule. "Hii elimu ilianza India, kwa watawa. Walikuwa wanakaa chini wakiomba mchana kutwa, mpaka miguu inakufa ganzi. Mkubwa wao akasema, jamani, hivi tutazikwa tumekaa! Akawafundisha kunyoosha viungo. Ikaenda China, ikavuka bahari mpaka Japani. Huko ikawa ya mashujaa waliopokonywa panga zao vitani, wakabaki na mikono mitupu."

"Kama sisi na mikuki yetu," karani mmoja akasema, na watu wakaguna.

"Sasa sayansi. Binadamu ni gunia lililosimama. Uzito wake uko hapa, chini ya kitovu. Ukiutoa huo uzito juu ya miguu yake, hata awe nani, ataanguka. Murunga, njoo."

Murunga akaja. Alikuwa mpakiaji wa magunia pale stesheni ya reli, pande la mtu, shingo imeingia mabegani. Nicanor, ambaye kuku mwenye hasira angemshinda, alimshika ukosi kwa vidole viwili, akageuza kiuno kidogo, na Murunga akaenda chini kwa kishindo. Vumbi la mahindi likatanda. Watu wakapiga mayowe. Murunga alilipwa kwa nyama, na alikuwa fundi wa kuanguka. Nampa sifa yake, maana katika chuo kizima ni yeye pekee aliyekuwa na ujuzi.

"Na mwisho falsafa," Nicanor akasema, akipangusa mikono. "Bingwa wa kweli hapigani. Ukiniomba tupigane, nitakataa. Hapo ndipo utajua mimi ni bingwa." Falsafa hiyo ilikuwa imemwokoa mara nyingi kuliko walivyofikiri wanafunzi wake.

Hapo ndipo alipomwona yule mzee mlangoni. Alivaa koti kuukuu la mzungu na kofia ya sufu, fimbo mkononi, macho yamemtoka. Watu walimjua. Ni Mzee Kiprotich, skwota, kibarua aliyeruhusiwa kuishi na kufuga kwenye shamba la Kaburu mmoja upande wa Kesses, na ng'ombe wake walisifika.

Neno ng'ombe lilipomfikia Nicanor masikioni, moyo ulimruka. Lazima nieleze kwa nini, la sivyo utadhani ni tamaa tupu. Ilikuwa tamaa, lakini haikuwa tupu. Kulikuwa na Namalwa, binti wa Walubengo, seremala aliyekaa kwenye ploti ya misheni kule Kiplombe. Nicanor aliwadanganya watu wote wa mji ule bila kukosa usingizi, lakini alimpenda msichana yule kweli kweli, mpaka akimwona maneno yanamkauka. Walubengo naye alikuwa amemwambia waziwazi: "Mdomo wako nimeuona. Nataka ng'ombe. Lete watatu kabla ya mvua za masika, ama nimpe binti yangu kwa mwalimu wa Kimilili. Huyo amekwisha leta wawili."

Sasa masika ilikuwa inakaribia.

"Karibu, Mzee," Nicanor akasema, sauti tamu kama asali. "Naona elimu imekugusa."

"Imenigusa," Mzee Kiprotich akasema. "Lakini mimi nimezeeka. Hiyo kitu inaweza kuingia kwa mtu kama mimi?"

"Ndiyo inaingia vizuri zaidi! Kijana ana nguvu, anashindana. Mzee hana, kwa hivyo anafuata. Mtu akikuvuta, usikatae. Mfuate. Mwongezee hata kasi, mpaka aanguke kwa nguvu zake mwenyewe."

Mzee akafikiri. "Akitaka kitu kwangu, nimpe?"

"Mpe na zaidi ya alivyotaka! Hiyo ndiyo siri yenyewe."

"Ala! Kumbe Mjapani ana akili. Na ada ni nini?"

Nicanor akashusha pumzi. "Kwa wengine ni kuku. Kwako wewe, nitakufundisha peke yako, faraghani, mpaka siri za mwisho. Ng'ombe mmoja, Mzee."

"Moja?" Mzee akaonekana kama ametukanwa. "Elimu imetoka India, imepita China, imevuka bahari, halafu ng'ombe moja? Hapana. Nitakupa tatu."

Murunga, aliyekuwa bado chini, aliinua kichwa. Nicanor alilazimika kushika nguzo.

Basi wakafunzana. Wiki nzima Nicanor alipanda Kesses kwa miguu kumfundisha mzee kusimama, kupumua na kuinamisha kichwa mbele ya adui kwa heshima. Mzee alikuwa mwanafunzi mzuri. Alikubali kila kitu.

Siku ya malipo alikuwa ameita wazee wenzake. Waliketi kwenye nyasi, kibuyu cha mursik kikazunguka, maziwa yale yaliyogandishwa kwa mkaa, na ng'ombe watatu wakaletwa mbele yao. Mzee Kiprotich aliwataja mmoja mmoja, rangi yake, mama yake, pembe zake, na wazee wakarudia baada yake. Kisha akamgeukia Nicanor.

"Hawa ng'ombe wanakuja kukaa kwako. Utawachunga?"

"Kama roho yangu, Mzee."

"Maziwa kunywa wewe. Mmoja akifa, niletee ngozi."

"Ngozi utaipata," Nicanor akasema, huku akichekea moyoni. Mzee gani anauza ng'ombe halafu anaulizia ngozi! Aliona ni maneno ya kizamani tu, akanywa mursik, akawashukuru wazee wote kwa kuinamisha kichwa Kijapani.

Mtoto yeyote aliyekulia na ng'ombe katika nchi ile angemvuta shati. Nicanor alikulia bweni la misheni, akatoka huko akaingia jeshini, na ng'ombe alimjua kwenye sahani.

"Mimi sipendi hii," Murunga alimwambia wakiwaswaga ng'ombe kuelekea Kiplombe. "Mzee amecheka sana."

"Anacheka kwa sababu amepata elimu."

"Elimu gani? Wewe hata mimi huwezi kuniangusha!"

"Funga mdomo, swaga ng'ombe."

Walubengo alikubali ng'ombe wakae kwenye ploti ya misheni mpaka siku ya mahari. Wakati wote huo bwana harusi aliwachunga mwenyewe. Alikata nyasi, alichota maji, alipakwa mavi, alipigwa mateke, alikesha na mmoja aliyevimba tumbo. Chuo kikafungwa. Kuku wote wa ada waliliwa na wajomba wa Namalwa waliokuja kukagua mali kabla ya siku. Walikagua kwa bidii sana, hasa saa za chakula.

Siku ya mahari ikafika. Nicanor alivaa tai. Wazee wa Walubengo waliwazunguka ng'ombe, wakawafunua midomo, wakawashika mbavu.

"Wamenenepa," Walubengo akasema, kwa shingo upande. "Nicanor, nilikudharau bure."

Namalwa alikuwa amesimama mlangoni na mama zake. Akatabasamu. Nicanor aliona dunia yote imekaa sawa, na kwa kweli ilikaa hivyo kwa dakika chache.

Kisha Mzee Kiprotich akaingia ploti, na wazee wake wote nyuma yake.

"Mwalimu!" akaita kwa furaha. "Umewatunza! Tazama huyu mweupe, ana mimba kubwa namna hii. Asante. Sasa nimekuja kuwachukua."

"Kuwachukua... wapi?" Nicanor akauliza.

"Nyumbani. Kaburu alitangaza atahesabu ng'ombe ya maskwota, na inayozidi anachukua. Mimi zilizidi tatu. Nikawa nazunguka mji nikitafuta rafiki wa kuniwekea mahali Kaburu hafiki, ndiyo nikakupata wewe ukiniomba mwenyewe! Jana amehesabu, ameenda. Ng'ombe zangu zote ziko salama."

"Ulinipa! Ilikuwa ada!"

Wazee wa Kesses wakatazamana. Mmoja akasema polepole, kwa huruma, jinsi unavyomwambia mgonjwa, "Kijana, ng'ombe ikikabidhiwa mbele ya mashahidi, ikatajwa, ukaambiwa unywe maziwa na urudishe ngozi, hiyo imewekwa kwako. Ni ya mwenyewe, na ndama ni wa mwenyewe. Kila mtu anajua."

Nicanor akamgeukia Walubengo. Walubengo akatikisa kichwa. "Hata kwetu ni hivyo hivyo. Nikikuwekea ng'ombe, hajawa wako. Ningejua umepewa namna hiyo, tusingekula kuku wako hata mmoja."

"Mtupe mzee!" mjomba mmoja akapiga kelele kutoka nyuma. "Si wewe ni bingwa wa Japani?"

"Mtupe! Mtupe!"

Mzee Kiprotich aliweka fimbo chini, akasimama kama alivyofundishwa, akainamisha kichwa kwa adabu. Nicanor akainua mkono kutaka kujieleza, mkono tu, na Murunga, aliyekuwa kando yake na sahani ya wali, kwa mazoea ya kazi akaenda chini, kishindo, wali mpaka kwenye kofia ya Walubengo.

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Nicanor hakucheka. Alikuwa anamtazama Namalwa, ambaye naye hakucheka.

"Nicanor," Namalwa akasema, "kuna kitu hata kimoja ambacho ni chako?"

Nicanor akatazama chini, kwenye wali uliomwagika.

Mzee Kiprotich aliokota fimbo yake. Hakuwa mtu mbaya, ni vile tu alikuwa na ng'ombe wa kulinda. "Huyu kijana anajua kuchunga," alimwambia Walubengo. "Sijaona ng'ombe zangu zikiwa hivi. Akitaka, aje akae kwangu. Huyu mweupe akizaa jike, hiyo ndama ni yake. Nasema mbele ya mashahidi."

"Na mwalimu wa Kimilili?" mjomba mmoja akauliza.

"Mwalimu wa Kimilili angoje," Namalwa akasema, na baba yake akamkodolea macho.

Basi bingwa wa Burma akapanda Kesses nyuma ya mikia ya ng'ombe, tai bado shingoni. Wajanja wa Sisibo walisikitika sana kumpoteza, kisha wakagawana stoo yake.

Ng'ombe mweupe alizaa asubuhi moja ya mvua kubwa. Nicanor alivuta ndama kwa mikono yake, magoti kwenye tope, akilia na kumwomba Mungu kwa maneno ambayo misheni haikumfundisha. Aliposimama, Namalwa alikuwa ng'ambo ya ua, amejifunika gunia kichwani. Alikuwa ameletwa na lori la maziwa.

"Jike au dume?" akauliza.

Kutoka pale hakuweza kuona. Nicanor alimtazama ndama, akamtazama msichana. Uongo wote aliowahi kuujua ulikuja kinywani, mtamu, umepangwa vizuri, na angeweza kuchagua wowote.

"Dume," akasema.

Namalwa akapangusa mvua usoni. Kisha akafungua geti, akaingia.

"Haya," akasema. "Tutangoja mwingine."