Ng'ombe Wangu Wanane

Jumapili, tarehe 15 Desemba

Daftari jipya. Lile la zamani lililowa, paa la chumba changu linavuja. Naanza upya, kama ninavyoanza kila kitu hapa.

Mwaka wa pili tangu nitoke Kisarawe. Nilikuja Bariadi kubeba marobota ya pamba kiwandani. Msimu uliisha, kiwanda kikafunga geti, mimi nikabaki na mgongo mbovu. Sasa ni kibarua wa Mzee Salvatory, Somanda, kwenye bustani yake ya michezo ya watoto. Bustani! Uwanja wa matope wenye uzio wa mabati. Kuna mtelezo wa saruji unaochana kaptura. Kuna bembea ya mashua nne zinazoning'inia kwenye minyororo yenye kutu. Na kuna duara la ng'ombe wa mbao. Nasikia kwingine huweka farasi. Mzee Salvatory alichonga ng'ombe. Alisema nani hapa amewahi kupanda farasi.

Ng'ombe ni wanane. Duara linazungushwa na maksai wawili wa kweli, wanatembea katikati, nyuma ya pazia la turubai, ili watoto wa mjini wasione mavi. Anayewaswaga ni Zengo. Zengo ananiita mtani. Sisi Wazaramo na Wasukuma ni watani, kwa hiyo anaruhusiwa kunitukana kutwa nzima na mimi siruhusiwi kununa. Leo amewatangazia wateja kwamba duara linakwenda polepole kwa sababu Mzaramo amewafundisha maksai kucheza ngoma. Foleni nzima ilicheka. Na mimi nilicheka. Kwa meno tu.

Lakini leo siku njema! Minza amekubali. Minza anauza maandazi getini, amewakataa wawili kabla yangu. Mimi nina miaka arobaini na mitatu, nimechoka kula peke yangu kwenye sufuria. Amesema niende Zagayu nikamsalimie Mzee Masunga, baba yake mdogo, ndiye aliyemlea. Akanipa na ushauri. Wakikuuliza ng'ombe, sema huna, omba muda. Hakuna aibu, hata baba mdogo alimaliza mahari ya mkewe baada ya miaka saba.

Ushauri wa mwanamke mwenye huruma. Mwanamume hafiki ukweni siku ya kwanza akasema sina.


Jumanne, tarehe 17 Desemba

Zagayu. Bodaboda ilizama matopeni mara mbili. Nilisukuma mara mbili. Nauli haikupungua.

Nilisalimia mwangaluka, kwa sauti ya kiume. Ilikuwa saa tisa alasiri. Watoto walianguka chini kwa kicheko. Mwangaluka ni ya asubuhi, mchana ni mwadila. Miaka miwili hapa, na Zengo hajawahi kunirekebisha. Sasa najua kwa nini.

Mzee Masunga ni mrefu, mkavu, anamtazama mtu bila kupepesa. Mkewe, Nyanjige, alinipa maziwa ya mgando kwenye kibuyu. Dini yangu hawakuuliza. Kabila waliuliza, na nilipojibu, mzee akamwambia mkewe afiche ngoma haraka, mgeni asije akasahau kilichomleta. Elimu, nikasema darasa la sita. Akasema inatosha kuhesabia ng'ombe. Kisha akauliza nina wangapi.

Minza alikuwa amekaa nyuma yake. Midomo yake ilisema sina, bila sauti, niliiona vizuri kabisa.

Nikasema wanane.

Hata mimi nilishtuka. Mzee akauliza wakoje. Wakoje! Kwetu mtu akisema ana minazi hamsini, hakuna anayeuliza sura ya mnazi. Kinywa changu kikatafuta, kikakuta ng'ombe wale wale ninaowajua. Nikawataja. Mweusi mwenye paji jeupe. Mwekundu, pembe ya kushoto imekatika. Wa madoadoa. Mweupe mwenye masikio mekundu. Wa kijivu mwenye tumbo kubwa, labda ana mimba. Fahali wa kahawia, hana mkia. Na ndama wawili wanaofanana kama mapacha.

Mzee alisikiliza amefumba macho, kama mtu kanisani. Kisha akayafumbua, akauliza mkia wa fahali ulikwenda wapi. Nikasema fisi. Akasema pole sana. Nadhani pole ilikuwa ya fahali.

Je, ni uongo? Nani anawapaka rangi? Mimi. Nani anawafunika turubai jioni? Mimi. Mzee Salvatory hata hawagusi. Mchungaji akikaa sana na mifugo, mifugo inamjua yeye.

Kurudi, Minza alipanda bodaboda yake peke yake.


Ijumaa, tarehe 20 Desemba

Minza ameniambia leo. Baba yake mdogo anakuja tarehe 26, yeye na Nyanjige, kuwaona ng'ombe wangu. Amefurahi. Zagayu nzima inajua habari za fahali aliyeng'olewa mkia na fisi. Jana mzee alinipigia simu kuuliza kama yule wa kijivu amezaa. Nilijibu bado. Ningejibu nini?

Minza akauliza ni ng'ombe gani hao. Nikamwambia aniachie mimi. Akasema nipige simu sasa hivi, niseme kweli, mzee atacheka yataisha. Nikasema salio limekwisha. Na kweli lilikuwa limekwisha.

Mpango uko tayari. Wakifika nitawapokea hapa hapa bustanini. Nitawapandisha mashua, nitawapa soda na pilau, nitawachosha. Mvua za siku hizi hushuka mchana. Ikishuka, nitasema ng'ombe wako ng'ambo ya mto na mto umejaa. Watarudi Zagayu wameshiba. Wataona ng'ombe mwaka mwingine, wakati huo Minza atakuwa wangu. Safi!

Na wale wa mbao? Hakuna shida. Ng'ombe ni ng'ombe. Nani atakumbuka maneno ya wiki iliyopita?


Jumapili, tarehe 22 Desemba

Nimemuuliza Zengo, kwa kuzunguka, kama mtu anaweza kumtambua ng'ombe aliyesimuliwa tu kwa mdomo. Alicheka mpaka maksai wakasimama. Akasema babu yake aliibiwa mtamba, na baada ya miaka sita akamtambua mjukuu wa yule mtamba stesheni ya Malampaka, anapakiwa kwenye behewa, kwa namna alivyokunja sikio. Akaniuliza, kwani mtani, kwenu pwani mnawatambuaje? Kwa bei ya supu?

Sikula mchana. Inabidi wale wanane wabadilike.


Jumanne, tarehe 24 Desemba

Mzee Salvatory amekwenda Maswa asubuhi kununua taa za sikukuu. Nimekuta chokaa nusu mfuko iliyobaki ukuta wa choo ulipopakwa. Kufikia saa sita, wote wanane weupe! Paji, madoa, masikio, vyote vimezikwa. Kazi safi. Wamesimama kama mizimu ya ng'ombe.

Zengo alipita, akasimama, akauliza kama wamebatizwa kwa ajili ya Krismasi.

Mzee Salvatory aliporudi alikaa kwenye ndoo, akawatazama mmoja mmoja. Mikono yake inatetemeka kidogo siku hizi. Aliwachonga mwenyewe, mwaka aliostaafu ufundi, mmoja kwa kila mwezi. Kisha akasema, Kibwana, tutaongea baada ya sikukuu. Rangi hakuna, muda hakuna, kesho watoto wanakuja.

Baada ya sikukuu nitakuwa na mke. Aongee anavyotaka.


Alhamisi, tarehe 26 Desemba

Naandika kwa mkono wa kushoto. Bega la kulia halipandi.

Mvua kubwa ilinyesha jana usiku, ng'ombe wangu wakiwa salama chini ya turubai. Ardhi imelainika, Simiyu nzima imekimbilia shambani. Leo alfajiri Zengo aliwachukua maksai kwenda kulima shamba la pamba la Mzee Salvatory. Watoto getini foleni. Nani atazungusha duara? Mzee Salvatory alinitazama mimi. Nira ilinitosha vizuri sana.

Nikajifariji. Nyuma ya turubai hakuna atakayeniona. Nilimwagiza Minza awapeleke wageni moja kwa moja kwenye mashua.

Walifika saa nane. Niliwaona kwenye tundu la turubai. Mzee Masunga amevaa koti jeusi na suruali ya kupigwa pasi, Nyanjige kitenge kipya. Waliniulizia, Mzee Salvatory akasema nipo kazini. Mashua mzee hakuzitazama hata kidogo. Akamwambia Minza kwamba yeye hapandi chombo kwenye nchi kavu. Alikwenda kwenye ng'ombe. Ng'ombe! Kutoka Zagayu mpaka mjini, mtu mwenye ng'ombe zizini, anakwenda kupanda ng'ombe wa mbao! Akapanda wa kwanza, Nyanjige akapanda wa nyuma yake, watoto wakajaa waliobaki. Mzee Salvatory akapiga ubao kwa rungu, akaita maksai twende.

Nikavuta.

Mzunguko wa tatu, mvua. Ndogo tu, ya kunyunyiza. Duara halina paa. Nilianza kuona matone meupe yanapita kwenye tundu langu. Chokaa.

Sauti ya Mzee Masunga ilikuja taratibu, kama mtu anayeita majina darasani. Nyanjige, huyu niliyempanda ana paji jeupe. Wako pembe ya kushoto haipo. Yule kule ana madoadoa. Tazama masikio ya yule. Mayu, mama yangu, wa kijivu bado hajazaa! Duara likaendelea, mimi nalivuta, na kila mzunguko ng'ombe wangu mmoja anarudi kutoka kwenye chokaa. Mwishowe akasema, haya, mtazame fahali nyuma.

Fisi, akasema Nyanjige. Akacheka mpaka akamkumbatia shingo ng'ombe wake. Foleni haikujua kisa lakini nayo ikacheka.

Nilisimama. Mzee Salvatory akapiga ubao, maksai twende! Nikaenda. Kwa nini nilikwenda? Sijui. Nilizungusha mara mbili zaidi.

Kisha mkono ukafunua turubai. Mzee Masunga, suruali imejaa chokaa mpaka magotini. Akanitazama kwa utulivu, kama wanavyotazama mnadani, miguu kwanza, halafu mgongo. Akasema mwadila, mtani. Nikaitikia. Akasema, kwa sauti ya kufika getini:

"Ng'ombe wako nimewaona. Wote wanane, wanene, hawana kupe. Mahari nimeipokea. Sasa nenda kwa seremala akuchongee mke. Uchague mninga, mtani. Ukichonga wa msufi, mchwa watakuachia ujane."

Watu walilala matopeni kwa kucheka. Ni utani, haununiwi. Kwa hiyo nilicheka. Na nira shingoni, nilicheka.

Nyanjige alinifuata baadaye, mumewe akiosha suruali bombani. Hakuwa anacheka tena. Alisema kulikuwa na mtamba mwekundu zizini kwao, walimtenga tangu Minza alipowaeleza kwamba anayekuja ni kibarua wa mbali, hana kitu. Walitaka kunikabidhi nianze naye kufuga, kama Mzee Masunga alivyoanzishwa na mkwewe. Niliposema wanane, wakaona sina haja. Kisha akaniuliza kama nimekula. Hapo ndipo nilipoumia.

Minza hakulia, hakutukana. Alifunika ndoo yake ya maandazi. Alisema, umebeba marobota ya pamba msimu mzima, neno moja nililokupa limekushinda.

Wakaondoka pamoja.


Ijumaa, tarehe 27 Desemba

Mzee Salvatory ameongea, kama alivyoahidi. Maneno machache. Nisirudi.

Wakati nakusanya nguo zangu, Zengo alirudi na maksai. Nikangoja. Nilijua amesimuliwa, dereva wa bodaboda getini alikwishanisimulia mimi mwenyewe kisa changu. Zengo alinitazama, akanipa mkono, akasema safari njema. Basi. Mtani hutania hata msibani, hutania hata maiti ikiwa ndani. Kwangu alinyamaza.

Mahali pa Minza getini palikuwa na alama ya duara, chini ya ndoo yake. Nilisimama pale kidogo. Mvua ikaijaza.

Nimefikiri sana. Nimetafuta kosa lilikuwa wapi, bila kujipendelea. Nimelipata. Chokaa. Chokaa haivumilii maji, hata mtoto anajua.


Jumamosi, tarehe 4 Januari

Lamadi. Ziwani. Nimepata kibarua cha kuanika dagaa. Harufu inaingia mpaka kwenye ndoto. Mgongo ni ule ule.

Lakini kuna Rhoda! Anakaanga samaki karibu na mwalo wa mitumbwi, anacheka kwa sauti, anajua kunijaza sahani. Ameniuliza mara mbili kama nina mtu. Leo amenipeleka kumsalimia baba yake, Mzee Shigela, mvuvi wa siku nyingi. Nilisalimia mwadila, na kweli ilikuwa mchana.

Hawa ni watu wa samaki. Ng'ombe hakuuliza. Nilishukuru Mungu. Aliniuliza kama nina chombo chochote cha majini.

Rhoda alinitazama. Nilimkumbuka Minza, wallahi nilimkumbuka, na lile neno lake likapanda mpaka kooni. Liko hapa hapa bado.

Nikasema mashua nne.

Mzee akauliza zikoje. Nikasema mbili za kijani, moja ya njano, na moja ya bluu, inalialia kidogo ikienda mbele na kurudi nyuma. Akauliza ziko salama huko zilipo. Nikasema zimefungwa kwa minyororo, haziendi popote. Hilo ni kweli tupu, hata msikitini naapa.

Amefurahi. Anataka kuziona mwisho wa mwezi.

Safari hii sifanyi kosa lile. Nitanunua rangi ya mafuta.